MAUA YA CHUNGUNI YENYE SHINA LA CHINI: Kuyapanda, kuyagawa na kuwalinda watoto



Mwezi huu ukurasa wetu wa afya unaingia sebuleni. Nyumba nyingi za waamini wetu, za mjini na hata za vijijini, zina chungu kimoja au viwili vya maua: barazani, juu ya kabati, pembeni mwa picha ya Bikira Maria. Aghalabu maua hayo hayakununuliwa. Mama mmoja alimng'olea jirani kipande, jirani naye akampa mwingine, na baada ya miaka miwili jumuiya nzima inayo. Ni desturi nzuri. Lakini wanaopeana vipande ni wengi kuliko wanaoelezana wakate wapi, wakati gani, na kwa nini kipande kimoja hushika na kingine huoza. Tena ni wachache zaidi wanaoambiana kwamba baadhi ya maua hayo, mtoto akiyatafuna, humchoma kinywa vibaya. Mambo haya mawili ni afadhali yafundishwe pamoja, kwa maana siku ya kugawa ua ndiyo siku vipande vyake hubaki vimezagaa sakafuni.

SHINA LINALOLALA

Chukua kipande cha tangawizi jikoni ukitazame vizuri. Watu husema ni mzizi, lakini siyo. Kina pete pete, ambazo ni makovu ya majani ya zamani, na kina vijicho vinavyochungulia pembeni. Mzizi wa kweli hauna macho. Tangawizi ni shina ambalo badala ya kusimama limelala chini ya udongo, likitoa mizizi upande wa chini na machipukizi upande wa juu. Wataalamu wa mimea huliita rizomu. Binzari ya manjano na hiliki ziko hivyo hivyo, na maua mengi ya chunguni pia.

Shina hilo lina kazi mbili. Kwanza ni ghala: mmea huweka humo chakula na maji ya kuuvusha wakati wa kiangazi. Ndiyo maana baadhi ya maua hukauka majani yote, mwenye nyumba akadhani limekufa akalimwaga jalalani, kumbe chini lilikuwa limelala tu likingoja mvua. Pili, ni njia ya kuenea. Kila kipande chenye jicho hai na akiba ya kutosha kinaweza kuwa mmea mzima, unaofanana na mama yake kwa kila kitu. Kipande kisicho na jicho, hata kiwe kinene kama kidole gumba, usikitegemee. Ukilishika jambo hili, mengine yote ni maelezo.

MAUA YENYEWE

Tuanze na lile ua jeupe lenye umbo la faneli na kijiti cha manjano katikati, ambalo twaliona sana kanisani wakati wa Pasaka na kwenye harusi. Wengi huliita yungiyungi, ingawa yungiyungi hasa ni ua la majini. Sisi tutaliita aramu. Jina lake la Kilatini hulitaja kama ua la Ethiopia, lakini asili yake ni Afrika Kusini, Lesotho na Eswatini. Ile faneli nyeupe si petali. Ni jani lililogeuka. Maua ya kweli ni madogo sana, nayo yamepangika juu ya kile kijiti. Aramu hupenda baridi na unyevu, kwa hiyo wasomaji wa nyanda za juu watafaulu bila jasho, lakini wale wa Pwani watahangaika nalo.

Kwa wenzetu wa Pwani na sehemu za joto ni afadhali spatifilamu. Ni ndugu wa aramu, ana majani ya kijani kilichoiva na ua jeupe lililosimama kama tanga dogo la jahazi. Asili yake hasa ni misitu ya Amerika ya Kati na ya Kusini, chini ya kivuli cha miti mikubwa. Kwa sababu hiyo hustahimili sebule isiyo na jua kali. Lakini kustahimili si kuchanua: likikaa kwenye kona yenye giza litatoa majani tu mwaka hata mwaka. Lisogeze karibu na dirisha, mahali penye mwanga usiopiga moja kwa moja.

Kuna pia ile mimea ya majani marefu, magumu, yaliyosimama kama panga, yenye madoa kama ngozi ya nyoka. Ni jamii moja na ule mmea ambao Wamasai huuita oldupai, uliolipa jina Bonde la Olduvai. Wengi hawajui kwamba huchanua. Ukikaa miaka kadhaa chunguni hutoa ua jeupe lenye harufu nzuri wakati wa jioni. Na kuna zamiokulkasi, yenye majani manene yanayong'aa yaliyopangika pande mbili za kikonyo. Siku hizi huuzwa dunia nzima kama mmea wa ofisini, lakini ni mwenyeji wetu kabisa: huota porini kuanzia Kenya, kupitia Tanzania, hadi upande wa mashariki wa Afrika Kusini. Ua lake hujificha chini karibu na udongo, wala si la kujivunia.

Begonia zenye shina la kutambaa hupendwa kwa majani yake yenye michoro na vishada vya maua meupe au ya waridi. Kanna ni kubwa mno kwa sebule, lakini katika debe barazani hupendeza sana, na maua yake mekundu au ya manjano hukaa muda mrefu. Mbegu za kanna ni nyeusi, za mviringo, ngumu kama risasi za gobore. Katika nchi kadhaa zimetobolewa na kutumika kama shanga za rozari.

WAKATI WA KUGAWA

Ua huonyesha lenyewe kwamba limebanwa. Mizizi hutokeza kwenye tundu la chini, maji hupita haraka bila kulowesha, maua hupungua, na chungu cha plastiki huvimba au kupasuka. (Ule mmea wa madoa una nguvu za ajabu katika jambo hili.) Wakati bora ni mwanzo wa mvua, kabla machipukizi mapya hayajarefuka. Usigawe ua likiwa limechanua.

Kwa wanaotunza maua ya kanisa kuna nafasi nzuri isiyofikiriwa sana. Maelekezo ya Misale ya Kirumi hayaruhusu kupamba altare kwa maua wakati wa Kwaresima, isipokuwa Dominika ya nne, sherehe na sikukuu. Vyungu vya sakristia basi havina kazi, na sehemu nyingi za Afrika Mashariki masika huanza mwezi Machi. Anayegawa vyungu mwanzoni mwa Kwaresima hupata majuma kadhaa ya kuyaacha maua yapone bila kusumbuliwa.

NAMNA YA KUKATA

Mwagilia chungu siku moja kabla. Kesho yake kilaze, kigonge pembeni kwa kiganja, na ulitoe bonge zima bila kuvuta majani. Kung'uta udongo, au uoshe kwa maji, mpaka uone shina lenyewe. Usikate usichokiona, makosa mengi hutoka hapo.

Tafuta macho. Kisha bonyeza shina kwa kidole. Sehemu iliyo nzima ni ngumu, na ndani yake ni nyeupe au ya manjano hafifu. Sehemu laini, ya kahawia, yenye harufu mbaya, imeoza: ikate yote mpaka ufike penye uzima, na uitupe mbali. Tumia kisu kikali kilichofutwa kwa spiriti au kuchovywa katika maji yanayochemka, na urudie kukisafisha kila unapohamia mmea mwingine, kwa maana ugonjwa wa kuoza husafiri kwa kisu.

Kila kipande kiwe na jicho moja angalau. Mawili au matatu, pamoja na mizizi kidogo, ni bora zaidi. Tamaa ya kupata miche ishirini kutoka chungu kimoja huishia kupata mitatu. Kwa begonia, kipande cha urefu wa kidole cha mtoto, yaani sentimeta tano hadi nane, chatosha.

Baada ya kukata, maua haya hayatendewi sawa. Mmea wa madoa na zamiokulkasi ni mimea ya ukame. Viache vipande vyake kivulini siku mbili au tatu mpaka kidonda kikauke na kufanya ngozi. Aramu na kanna, siku moja yatosha. Spatifilamu lisingoje kabisa, lipandwe saa ile ile, kwa sababu mizizi yake haivumilii kukauka. Wengi hupaka kidonda unga wa mkaa. Hauna madhara, ila kinachosaidia hasa ni huko kukauka.

Udongo mzuri ni sehemu mbili za udongo wa bustani, sehemu moja ya mchanga wa mtoni na sehemu moja ya mboji au samadi iliyooza kabisa. Mchanga wa baharini una chumvi, usiutumie. Kwa mimea ya ukame, mchanga uwe nusu nzima. Watu hupenda pia kujaza kokoto chini ya chungu wakiamini zinakausha maji. Hazikaushi, udongo ulio juu ya kokoto hubaki umelowa vile vile, na nafasi ya mizizi imepungua. Kinachotoa maji ni tundu. Kopo la maziwa, ndoo iliyopasuka au debe la zamani litafaa ilimradi umelitoboa chini.

Chungu kisiwe kikubwa. Kizidi kipande chako kwa upana wa vidole viwili hivi, basi. Chungu kikubwa hushika maji mengi ambayo kipande kidogo hakiwezi kuyanywa, na hapo kuoza huanza. Begonia ilazwe juu juu, nusu ya shina ikionekana. Spatifilamu lipandwe kina kile kile lilichokuwa mwanzo. Aramu na kanna zifukiwe sentimeta tano hadi kumi.

Mwagilia mara moja, kisha ngoja. Kipande kisicho na majani hakinywi maji mengi, na maua ya chunguni yanayokufa kwa maji mengi ni mengi kuliko yanayokufa kwa kiu. Ingiza kidole mpaka fundo la kwanza. Kikitoka kikavu, mwagilia, kikitoka na udongo mbichi, acha. Spatifilamu lina adabu ya kusema lenyewe: likiona kiu hulegea majani yote, na likipata maji husimama tena baada ya saa chache. Majani yakiwa ya manjano huku udongo umelowa, hapo ni maji yamezidi.

Kanna huchipua baada ya majuma machache. Zamiokulkasi itakutaka uvumilivu wa miezi. Kuna wanaoipanda kwa kuchomeka jani moja moja. Hushika, lakini hukaa miezi mingi ikitengeneza shina la chini kabla ya kutoa chochote juu. Mmea wa madoa nao hukubali kukatwa jani vipande vipande, ila ule wenye ukingo wa manjano una siri yake: ukiuzalisha kwa jani, watoto hutoka bila manjano. Anayetaka rangi ile ibaki hana budi kugawa shina la chini.

MTOTO AKITAFUNA

Sasa tuje kwenye jambo lenyewe la ukurasa huu. Aramu, spatifilamu na zamiokulkasi ni za ukoo mmoja, na magimbi pia ni wa ukoo huo. Kila mpishi anajua kwamba gimbi bichi huwasha mikono, na kwamba lisipoiva vizuri hukereketa koo. Sababu ni chembe za oksalati ya kalsiamu, zenye umbo la sindano, ndogo zisizoonekana kwa macho. Jani au shina linapotafunwa, sindano hizo hujichoma katika ulimi na mashavu. Gimbi tunalipika sana ndipo tunalila. Mtoto wa mwaka mmoja anayetambaa hulitafuna jani la chunguni likiwa bichi.

Dalili huja mara moja: mtoto hulia, hutoa mate mengi, midomo na ulimi huvimba, hukataa kumeza. Kwa kuwa huchoma papo hapo, aghalabu hutema kabla hajameza kingi, na mara nyingi hali hutulia yenyewe. Lakini uvimbe ukishuka kooni ni hatari.

La kufanya ni hili. Toa mabaki yote kinywani kwa kitambaa safi kilicholowa. Msuuze kinywa kwa maji, kisha mpe maji baridi au maziwa baridi kidogo kidogo kama anaweza kumeza. Usimtapishe kwa kidole wala kwa maji ya chumvi, kwa sababu kinachochoma kikishuka kitachoma tena kikipanda. Akikoroma, akipumua kwa shida, sauti ikibadilika au akishindwa kumeza mate yake, mkimbize hospitali bila kungoja, ukichukua na jani au kipande cha mmea mganga auone. Utomvu ukiingia jichoni, osha kwa maji safi yanayotiririka kwa muda wa robo saa au zaidi, kisha nenda kituo cha afya. Mkono uliowashwa uoshwe kwa maji na sabuni.

Begonia haifai kuliwa, nao mmea wa madoa huleta kichefuchefu na kuharisha. Kanna haina sumu ya kuogopesha. Kuna nchi ambako shina lake hupikwa.

Siku ya kugawa, basi, tandika gazeti au gunia, watoto wakae mbali, na vipande vyote vihesabiwe. Vaa glovu kama una kidonda. Udongo wenye samadi unaweza kubeba vijidudu vya pepopunda. Na kosa moja la wakubwa: kuweka vipande vya aramu jikoni karibu na tangawizi au magimbi "mpaka kesho". Vikiisha kukauka na udongo juu yake, mpishi wa jioni hatavitofautisha.

UA MOJA LA KUOGOPWA

Yote tuliyotaja juu huchoma lakini ni nadra kuua. Gloriosa ni habari nyingine. Ni mmea unaoparamia kwa ncha za majani yake, huota porini sehemu nyingi za Afrika Mashariki, na ua lake ni jekundu na manjano, petali zikiwa zimegeuka juu kama ndimi za moto. Ni zuri mno, na ndilo ua la taifa la Zimbabwe. Watu hulichimba porini wakaliweka barazani. Chini lina shina nene lenye pembe mbili, linaloweza kudhaniwa kiazi kikuu kidogo.

Mmea wote una sumu iitwayo kolchisini, na shina hilo la chini ni miongoni mwa sehemu zenye sumu kali zaidi. Madaktari hutumia kolchisini kwa vipimo vidogo sana kutibu jongo. Kipimo kikizidi huua. Ubaya wake ni kwamba haianzi papo hapo. Saa kadhaa hupita, kisha huja kutapika na kuharisha sana, watu wakadhani ni kipindupindu au chakula kilichochacha. Siku zinazofuata viungo vya ndani hushindwa kazi. Wanaopona wengine hunyonyoka nywele baada ya juma moja au mawili. Mtu aliyekula shina la gloriosa apelekwe hospitali saa ile ile, hata kama anasema hajisikii lolote. Shauri letu kwa familia zenye watoto: lifurahieni huko porini liliko.

HEWA NA MBU

Tunaulizwa mara nyingi kama ua chumbani hunyonya hewa usiku na kumdhuru anayelala. Ni kweli kwamba mmea hupumua usiku kama sisi, lakini kwa kiasi kidogo mno; ndugu yako anayelala kitanda cha pili hutumia hewa nyingi kuliko chungu hicho. Wengine husema kinyume, kwamba maua husafisha hewa ya nyumba. Maneno hayo yalienea baada ya uchunguzi wa shirika la anga la Marekani, NASA, mwaka 1989, uliofanywa ndani ya masanduku yaliyofungwa kabisa. Mwaka 2019 wachunguzi wa Chuo Kikuu cha Drexel, Marekani, walikusanya matokeo ya miaka mingi wakaona kwamba ili maua yafanye kazi inayofanywa na hewa ya kawaida ya nyumba, ungehitaji mimea kati ya 10 na 1,000 katika kila mita moja ya mraba. Hakuna nyumba ya namna hiyo. Kwa hiyo pasiwe na mtu wa kuingiza jiko la mkaa chumbani akitumaini maua yatameza sumu. Gesi ya mkaa haina harufu wala rangi, na huua waliolala. Jiko litolewe nje, dirisha lifunguliwe.

Madhara ambayo chungu cha maua huleta kwa watu wengi zaidi yako katika kile kisahani cha chini. Mbu wa Aedes, anayeeneza homa ya dengue, hupenda maji kidogo yaliyotulia karibu na watu, na huuma mchana. Dar es Salaam iliona milipuko ya dengue mwaka 2014 na tena mwaka 2019. Kutoka yai hadi mbu anayeruka ni siku saba hadi kumi hivi kwenye joto letu, kwa hiyo mwaga visahani mara moja kila juma, siku ile ile. Kumwaga peke yake hakutoshi: mayai hunata ukingoni na huweza kukaa makavu kwa miezi, yakisubiri maji. Sugua kwa brashi au kwa maganda ya nazi. Au jaza kisahani mchanga.

Vivyo hivyo kwa vyombo vya maua ya altareni, na kwa makopo tunayoyaacha makaburini tarehe 2 Novemba, ambayo sehemu nyingi huangukia wakati wa vuli, yakajaa mvua na kusahauliwa. Toboa kopo chini, lijaze mchanga uliolowa, na uchomeke maua humo. Yatakaa wima, na mbu hatapata pa kutagia.